Bi Harusi, Usiulize Kwa Mwezi Ngapi, Uliza Jumla Ngapi



Msimu wa harusi ukiingia, simu zetu hazipoi. Huyu anauliza ukumbi, yule anatafuta mpaka hina mzuri, mwengine anataka kujua mchele kilo ngapi unatosha watu mia tatu. Hesabu za harusi wanawake wa visiwani tunazijua. Tukipunjwa elfu kumi kwenye udi, tunarudi dukani siku hiyo hiyo.

Siku za karibuni alikuja kwetu mwari mmoja, na mkononi hakuwa na sampuli ya kitambaa. Alikuwa na karatasi ya mkopo. Yeye na mchumba wake wote wameajiriwa. Wameona nyumba ya vyumba vitatu nje kidogo ya mji, na mkopeshaji amekubali kuwapa shilingi milioni 60 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, walipe kwa miaka 15. Kilichoandikwa kwa herufi kubwa ni malipo ya kila mwezi: shilingi 839,752.

"Tukichanga wawili tutaweza," akatwambia, na furaha yake ilionekana usoni. Atatoka kwao aingie kwake, si chumba cha uani kwa mavyaa, wala si nyumba ya kodi ambayo mwenyewe akiamka vibaya anakutaka uhame.

Tukamuuliza swali moja tu: "Kwa jumla mtalipa kiasi gani?"

Akaigeuza karatasi huku na huku. "Hilo sikuliuliza," akasema.

Tukachukua kikokotoo cha simu, tukahesabu pamoja. Tumeona tuilete hesabu hiyo hapa, kwa sababu si yeye peke yake asiyeuliza. Sisi wenyewe wengi wetu hatukuuliza.

Hesabu yenyewe

Shilingi 839,752 mara miezi 180 ni zaidi ya milioni 151. Nyumba ya milioni 60 inalipiwa milioni 151. Milioni 91 zilizozidi hazijengi ukuta wala haziongezi chumba. Ni bei ya kupewa fedha leo ukazirudisha kidogo kidogo.

Mikopo ya nyumba hapa Tanzania kwa miaka ya karibuni imekuwa mara nyingi kati ya asilimia 13 na 19, kwa hiyo asilimia 15 ya huyu mwari si ya ajabu. Wala mkopeshaji hakumdanganya. Kila tarakimu ilikuwemo ndani ya mkataba, ila ilikaa ukurasa wa nyuma.

Sasa tuangalie jinsi malipo yanavyokwenda, maana hapa ndipo wengi wanapoumia bila ya kujua. Riba huhesabiwa juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 60 nzima, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni shilingi 750,000. Katika ile 839,752 uliyotoa, kinachopunguza deni ni 89,752 tu. Mwezi wa pili deni limeshuka kidogo mno, na riba nayo imeshuka kidogo mno. Miaka ya mwanzo unalipa riba zaidi kuliko nyumba.

Baada ya miaka mitano, watu hawa watakuwa wametoa zaidi ya milioni 50. Tulipomuuliza mwari wetu anadhani deni litakuwa limebaki kiasi gani, akajibu, "Labda milioni kumi na tano, ishirini hivi." Litakuwa limebaki milioni 52. Tukarudia hesabu mara mbili kwa sababu hakuamini. Unatoa milioni 50, na deni la milioni 60 linashuka kwa milioni 8 hivi.

Fikiria mambo yanayotokea katika miaka mitano ya mwanzo ya ndoa. Watoto wawili, pengine watatu. Likizo ya uzazi. Mzee anayeumwa anahitaji kupelekwa Dar es Salaam au India kwa matibabu. Msimu wa utalii ukiwa mbaya hoteli zinapunguza wafanyakazi, kama tulivyoona mwaka 2020 wageni walipokatika. Malipo yakikwama mwaka wa tano, nyumba ikauzwa, kitakachotazamwa kwanza ni ile milioni 52. Milioni 50 mlizokwishatoa hazitajwi na mtu.

Miaka mingi si nafuu

Mkopeshaji akiona mnasita, mara nyingi atawaambia: "Tutawaongezea muda, malipo yashuke." Inaonekana huruma. Tuihesabu na hiyo.

Mkopo huo huo, riba hiyo hiyo, ukivutwa hadi miaka 20, malipo ya mwezi yanakuwa kama shilingi 790,000. Mmepunguziwa elfu 50 kwa mwezi. Lakini jumla inapanda kutoka milioni 151 hadi karibu milioni 190. Elfu 50 ya nafuu kila mwezi imenunuliwa kwa milioni 38.

Ukipunguzwa hadi miaka 10, malipo yanapanda hadi kama 968,000 kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 116. Yaani kwa kujibana shilingi 128,000 zaidi kila mwezi, mnaokoa milioni 35 na mnakuwa huru miaka mitano mapema. Kama hamwezi kujibana kiasi hicho, basi hiyo ni habari muhimu: pengine nyumba mliyoichagua ni kubwa kuliko kipato chenu, na miaka mingi inaficha jambo hilo tu.

Juu ya hapo kuna yasiyokuwemo katika ile 839,752. Ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Uliza pia kama riba ni ya kudumu au inaweza kubadilishwa, faini ya kuchelewa ni kiasi gani, na kama ukipata fedha ukataka kumaliza mapema utatozwa kwa kumaliza. Halafu kuna nyumba yenyewe. Sisi tunaoishi karibu na bahari tunajua chumvi inavyokula mabati na nondo. Ndani ya miaka 15 utapaka rangi zaidi ya mara moja, utabadilisha mabati, utatengeneza tangi. Mwenye nyumba ya kodi hugharamia hayo. Mwenye mkopo hugharamia mwenyewe huku akilipa.

Na dini yetu inasema nini

Hili hatuwezi kulipita, na hatutaki kulipita. Riba ni haramu. Aya za mwisho za Suratul Baqara, kuanzia ya 275, zimetenganisha biashara na riba bila ya kuacha shaka, na onyo lililomo humo ni zito. Wako wanaosema nyumba ni dharura na dharura ina hukumu yake. Sisi si watoa fatwa. Tunachosema ni kwamba dharura mtu haijipimii mwenyewe akiwa na hamu ya nyumba mpya. Mwende kwa sheikh mnayemwamini, mkiwa na mkataba mkononi, mumsomee masharti yote, sio kumuuliza juu juu baada ya darsa.

Hata ukiacha riba pembeni, deni lenyewe ni amana nzito. Sote tumefundishwa madrasa kisa cha jeneza lililoletwa kwa Mtume, rehema na amani zimshukie, la mtu aliyekufa na deni. Hakumsalia mwenyewe mpaka Abu Qatada alipojitwika kulilipa. Deni la miaka 15 ni kuomba uhai wa miaka 15 pamoja na kazi isiyokatika.

"Basi sisi tutachukua mkopo wa Kiislamu," mtasema. Alhamdulillahi, njia zipo. Amana Bank ilianza kazi mwaka 2011, na mabenki mengine yana madirisha yanayofuata sharia, ikiwemo Benki ya Watu wa Zanzibar hapa kwetu. Tunashukuru, na tunahimiza dada zetu waanzie huko. Lakini jina la Kiarabu lisikufanye ukaacha kuuliza.

Katika murabaha, benki inanunua nyumba kwanza, kisha inakuuzia kwa bei ya juu inayojulikana tangu siku ya kwanza, unalipa kwa mafungu. Uzuri wake ni mkubwa: bei haipandi tena, na deni halizai kwa kuchelewa. Lakini bei hiyo inaweza kuwa kubwa. Kama faida ya benki imepigiwa hesabu kwa asilimia 15 kwa muda ule ule, utalipa milioni 151 zile zile. Mkataba ni tofauti, na mbele ya Mola tofauti hiyo ndiyo kubwa, lakini mfuko wako utatoa kiasi kile kile. Kwa hiyo muulize ofisa: benki imeinunua nyumba hii lini, na kwa shilingi ngapi? Bei mnayotuuzia ni ngapi kwa jumla? Tukiwahi kumaliza, tutasamehewa sehemu ya faida, na hilo litaandikwa? Tukichelewa, tozo inakwenda wapi? Katika musharaka ya kupungua, ambapo wewe na benki mnamiliki kwa hisa na wewe unanunua hisa zao kidogo kidogo huku ukilipa kodi ya sehemu yao, uliza kodi hiyo inapangwa vipi, na itapitiwa upya kila baada ya muda gani.

Benki inayofuata sharia kwa dhati haitachukia maswali haya. Sharti la biashara ya halali ni bei kujulikana.

Fedha yako, bi harusi, inakwenda wapi?

Hili ndilo linalotuuma zaidi, na ndilo linaloonewa haya kuliko yote.

Mwari wetu alipanga kuchangia nusu. Nusu ya malipo yake ni shilingi 419,876 kwa mwezi. Kwa miaka 15 ni zaidi ya milioni 75. Tukamuuliza hati itaandikwa jina la nani. Akasema, "La mwenzangu. Yeye ndiye mwanamme."

Katika dini yetu makazi ya mke ni wajibu wa mume. Mahari yako ni yako, mshahara wako ni wako. Ukimsaidia mumeo ni wema, na una ujira kwa Mola wako. Lakini wema nao una jina: ni zawadi, ni mkopo, au ni ushirika? Kama ni zawadi, ijulikane ni zawadi, na usije kuidai siku ya ugomvi. Kama ni mkopo, uandikwe. Kama ni ushirika, jina lako liwemo kwenye hati kwa kiasi cha fungu lako. Aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, ya 282 ya Suratul Baqara, inazungumzia kuandika madeni na kuweka mashahidi. Haikuwatoa mume na mke.

Mume akifariki, na tunawaombea waume zetu umri mrefu, madeni yanalipwa kwanza, kisha wasia, ndipo mirathi inagawiwa. Mke mwenye watoto fungu lake ni thumuni, sehemu moja katika nane, na kama wake ni zaidi ya mmoja wanagawana thumuni hiyo hiyo. Nyumba uliyoitilia milioni 75 itaingia yote katika mirathi, nawe utapewa thumuni, kwa sababu hakuna karatasi inayosema vyengine. Mashemeji hawatakuwa wamekudhulumu. Wataifuata hati. Na ikiwa ni talaka, thumuni pia hakuna.

Tumeshawaona mama zetu watu wazima wanaorudi kwao na sanduku la nguo baada ya miaka ishirini ya kuchangia. Hakuna aliyewaambia waandike, na wao waliona kuuliza ni kukosa adabu. Kuandika si kutomwamini mume. Mume mwema hufurahi mkewe akiwa na hifadhi.

"Lakini kodi ni kutupa fedha"

Tunajua mtasema hivyo, na hoja hii ina uzito. Kodi ukilipa haibaki kitu. Viwanja vinapanda bei, shilingi ya leo si ya kesho, na anayesubiri anaweza kuikuta nyumba ile ile imepanda. Wapo waliokopa, wakamaliza, na leo wanakaa kwao kwa raha. Hatuwakatai.

Lakini tulinganishe kwa haki. Kodi ya shilingi 250,000 kwa mwezi kwa miaka 15 ni milioni 45, nayo ni nusu ya ile milioni 91 ya riba. Kama kodi ni kutupa fedha, riba nayo ni kutupa fedha, tena nyingi zaidi. Na wale wenzetu wawili, wakipanga kwa 250,000 na ile iliyobaki hadi 839,752 wakaiweka kando kila mwezi, kwa mwaka mmoja wana milioni 7. Kwa miaka minane ni zaidi ya milioni 56, bila ya faida yoyote na bila ya kudaiwa na mtu.

Hapo ndipo tunapokumbuka jinsi wazee wetu walivyojenga. Walinunua kiwanja kwanza. Mwaka huu msingi, mwakani matofali, mwaka unaofuata wanapaua chumba kimoja wanahamia, vyengine vinafuata. Fedha ikigeuka matofali na mabati mapema, kupanda kwa bei hakukuumizi sana. Mchezo wa kina mama umejenga nyumba nyingi kisiwani kuliko tunavyosimulia, na hauna riba: kila mmoja anapokea alichotoa. Njia hii ina tabu zake. Mafundi wanachelewa, na kiwanja kisicho na hati safi kinaweza kukutoa machozi, kwa hiyo hakikisheni karatasi kabla ya kulipa hata senti. Tena inataka subira ambayo picha za nyumba za watu kwenye simu zinatupunguzia kila siku.

Na jambo moja la karibu zaidi: fedha ya harusi yenyewe. Ukumbi wa usiku mmoja, sare za siku tatu, jukwaa la maua linalong'olewa alfajiri. Hatusemi msifurahi, harusi ni furaha na walima ni sunna. Tunasema wazazi wakiulizwa, "Nusu ya hii tununueni kiwanja kwa jina la mtoto," wengi watakubali. Tatizo hawaulizwi.

Tunachokuomba

Kabla ya kutia saini, wewe na mchumba wako kaeni na karatasi tupu. Andikeni jumla mtakayolipa, si ya mwezi. Andikeni deni litakalobaki baada ya miaka mitano. Andikeni nani anatoa nini, na jina la nani litakuwa kwenye hati. Kisha mjiulize: mmoja wetu akikosa kazi miezi sita, tutalipa na nini? Mkishindwa kujibu moja kati ya haya, saini isubiri. Nyumba zipo, na hakuna nyumba inayokimbia kama ofisa wa mikopo anavyosema.

Mwari wetu aliondoka siku ile kimya. Tulidhani tumemvunja moyo. Wiki ya pili akatuletea ujumbe kwamba walirudi kwa mkopeshaji na maswali yao, majibu yakachukua siku nne, na baada ya kuyasoma wakaamua kuanza na vyumba viwili vya kodi Fuoni. Mchumba wake alishituka na hesabu kuliko yeye. Wameshaanza mchezo wa kiwanja, na wamekubaliana kuwa kikipatikana kitaandikwa majina mawili.

Harusi yake ni Mfunguo Tatu, inshallah. Tumealikwa, na zawadi tumeshainunua: daftari gumu la hesabu, pamoja na udi.

Allah awape nyumba zenye baraka dada zetu wote, nyumba za halali zisizowanyima usingizi, na awajaalie waume wanaoandika wanayoahidi. Amin.